Kiinimacho cha Wakaliga

Kati ya mada zote za sarufi nilizozifundisha kwa zaidi ya miaka thelathini, hakuna iliyowachangamsha wanafunzi wangu kama ile ya ukubwa na udogo wa nomino. Mtu akawa jitu, nyoka akawa joka, mbwa akawa jibwa, mguu ukawa guu. Silabi moja inaongezwa au inaondolewa, na kiumbe aliyekuwa mlangoni akiomba maji ya kunywa anakuwa kitu kinachoweza kung'oa paa. Kisha ukigeuka upande wa pili, mlima unakuwa kilima, mto unakuwa kijito, nyumba inakuwa kijumba. Darasa zima lilikuwa likicheka, kila mmoja akitaka kumkuza au kumdunisha jirani yake, na kengele ikilia hakuna aliyetoka.

Nimeikumbuka mada hiyo kwa sababu ya mafundi wawili wa sinema, mmoja Mjapani na mwingine Mganda. Kazi yao yote imekuwa kufanya kwa mbao, mpira, vyuma na kompyuta kile ambacho lugha yetu hukifanya kwa kiambishi.

Mjapani ni Eiji Tsuburaya, aliyezaliwa mwaka 1901 katika mji wa Sukagawa, mkoa wa Fukushima. Ujanani alitaka kuwa rubani. Akaishia nyuma ya kamera. Alipoiona filamu ya Kimarekani ya King Kong ya mwaka 1933, ile ya sokwe mkubwa anayepanda jengo refu la New York, alitamani kutengeneza dubwana lake mwenyewe. Alingoja miaka mingi. Vita vikapita katikati: kwa filamu ya mwaka 1942 iliyosimulia shambulio la Pearl Harbor alijenga bahari ya kuchezea yenye manowari za kuchezea, na Japani iliposhindwa, watawala wa Kimarekani waliagiza aondolewe studioni kwa sababu ya kazi za namna hiyo. Alirudi. Tarehe 3 Novemba 1954 filamu ya Godzilla, ambayo Wajapani huiita Gojira, ilianza kuonyeshwa, Ishirō Honda akiwa mwongozaji na Tsuburaya fundi wa kiinimacho.

Natumia neno kiinimacho kwa makusudi, nami nitalitetea baadaye.

Tsuburaya alitaka dubwana lake litembee kama yule sokwe wa Marekani: sanamu ndogo inasogezwa kidogo, inapigwa picha, inasogezwa tena, picha 24 kwa kila sekunde moja ya filamu. Hesabu ikaonyesha kwamba kazi hiyo ingechukua miaka saba, naye alikuwa na miezi tu. Basi akamvika mtu vazi la mpira lenye uzito wa kilo 100 hivi, na mtu huyo, mwigizaji Haruo Nakajima, akaukanyaga mji wa Tokyo uliojengwa kwa kipimo cha moja kwa ishirini na tano. Hapo likazuka tatizo ambalo mtunzi yeyote wa mashairi angelielewa. Kitu kidogo huanguka upesi. Kijumba kikibomoka, vipande vyake hufika chini kufumba na kufumbua, na jicho hutambua papo hapo kwamba kile ni kijumba. Dawa yake ilikuwa kuendesha kamera kwa kasi kuliko kawaida, ili filamu ikionyeshwa kwa mwendo wa kawaida kila kitu kipungue kasi. Vumbi likapanda taratibu, vifusi vikawa vizito, na kijumba kikawa jumba. Hicho ndicho kilikuwa kiambishi chake. Ngurumo ya dubwana ilitoka kwa mtunzi wa muziki, Akira Ifukube, aliyeburuta glavu ya ngozi juu ya nyuzi za ala kubwa ya besi. Tsuburaya alianzisha kampuni yake mwaka 1963, akaleta Ultraman kwenye televisheni mwaka 1966, na akafariki Januari 1970.

Wajapani wana neno moja la viumbe wa aina hii, kaiju, maana yake mnyama wa ajabu. Sisi tunayo mengi kuliko tunavyokumbuka: dubwana, zimwi, jitu, joka, na nunda, yule paka wa sultani aliyeanza kwa kula mifugo akaishia kula watu, ambaye hadithi yake Edward Steere aliichapisha mwaka 1870. Ng'ambo ya ziwa letu Waganda wana lukwata, mnyama wa majini ambaye hata Waingereza wa mwanzo wa ukoloni walimwandika vitabuni mwao. Marehemu baba yangu alikuwa mvuvi pale Rukuba, na alipokuwa majini usiku, karabai zikiwaka kuwaita dagaa, hakuruhusu mtu mtumbwini ataje jina la kitu chochote kilicho kikubwa kuliko mtumbwi. Alisema jina hukuza.

Fundi wa pili ndiye aliyenifanya niandike. Anaitwa Isaac Godfrey Geoffrey Nabwana, mzaliwa wa mwaka 1973, mkazi wa Wakaliga, mtaa wa hali ya chini jijini Kampala. Maji yanayopiga ufukwe wa Rukuba ni yaleyale yanayofika Port Bell, na tangu utoto wetu tulizoea kuona bidhaa za Uganda zikishuka mwaloni kabla ya zile za Dar es Salaam. Kwa hiyo namtazama kama jirani.

Wakati Nabwana ni mtoto wa miaka mitano au sita, nchi zetu mbili zilikuwa vitani. Mimi nilikuwa kijana, karibu kuingia chuo cha ualimu, na vita ile sisi wa kisiwani tuliiona kwa masikio: redio moja, betri zilizoanikwa juani ili zipate uhai wa jioni, na watu wazima wamekaa kimya wakiwatazama wasemaji wa Radio Tanzania wasioonekana. Mzee mmoja alikuwa akinyoosha kidole kila vifaru vilipotajwa, kana kwamba vimepita nyuma ya nyumba.

Nabwana naye alijifunza sinema kwa masikio. Ameeleza mara nyingi kwamba alipokuwa mdogo hakuwa anakwenda kwenye vibanda vya sinema. Kaka zake ndio waliokwenda, kisha wakirudi nyumbani wakimsimulia nani alimpiga nani, na nyumba ipi ililipuka. Yeye akizijenga picha kichwani. Nadhani hapa ndipo ufundi wake wote ulipoanzia, na ndiyo sababu naona habari zake zinatuhusu sisi wapenzi wa lugha kuliko zinavyowahusu watu wa kamera. Huyu ni mtengeneza filamu aliyelelewa na masimulizi.

Ukubwani alifyatua matofali akaweka akiba. Alijiandikisha katika mafunzo ya kompyuta ya miezi sita, ada ikamtosha mwezi mmoja, yaliyobaki akajifundisha mwenyewe. Mwaka 2005 alianzisha Ramon Film Productions, jina alilolitoa katika majina ya bibi zake wawili, Rachael na Monica. Mkewe, Harriet, akawa mshirika wake tangu mwanzo. Studio ni ua wa nyumba yao. Bunduki, mizinga na hata umbo zima la helikopta vimeundwa kwa vyuma chakavu na fundi wake, Dauda Bisaso. Damu mwanzoni ilikuwa ya ng'ombe, hadi mwigizaji mmoja alipougua. Wakahamia rangi ya chakula, inayotiwa ndani ya kondomu (wasomaji wenye soni wanisamehe) ili ipasuke risasi inapodaiwa kuingia kifuani. Kompyuta aliziunga kwa vipuri. Helikopta zinazoruka angani na kuiteketeza Kampala katika filamu yake mashuhuri, Who Killed Captain Alex? ya mwaka 2010, alizichora ndani ya kompyuta hizo, katika mtaa ambao umeme hukatika bila kuaga.

Mpwa wangu aliponionyesha filamu hiyo kwenye simu, nilicheka kama kila mtu anavyocheka. Moto wake hauunguzi chochote. Helikopta inaelea kama jani juu ya uji. Lakini baada ya dakika kumi nilitambua kwamba nafuata hadithi, na kwamba nimeacha kuikagua helikopta. Sababu ilikuwa sauti.

Juu ya filamu ile, tangu mwanzo hadi mwisho, yuko mtu anayesema. Si mhusika. Ni msimulizi anayejulikana kwa jina la VJ Emmie, naye anafasiri, anasifu, anatania, anawahimiza wapiganaji, anamwonya mtazamaji kwamba sasa mambo yanaiva. Uganda wasimulizi hawa wamekuwa sehemu ya sinema kwa miongo, na hapa kwetu wapo waliofanya hivyohivyo. Kapteni Derek Gaspar Mukandala, aliyejulikana kwa jina la Lufufu, alizisimulia filamu za kigeni kwa Kiswahili, kwanza mbele ya watazamaji na baadaye sauti yake ikiingizwa ndani ya kanda, hata kuna watu wa rika la wanafunzi wangu ambao wakimwona mwigizaji wa Kichina hadi leo wanaisikia sauti ya Lufufu.

Rukuba tulikuwa na wa kwetu. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 palikuwa na kibanda karibu na mwalo, kuta za mabati, jenereta nyuma, deki na runinga moja juu ya kreti za soda. Kijana mmoja Mjita alisimama kando ya runinga na kipaza sauti. Hakujua Kiingereza cha kutosha, Kichina hakujua kabisa. Alichojua ni watu waliokaa mbele yake. Dubwana la filamu lilipoingia katika mji fulani wa Marekani, yeye alilipitisha Musoma: sasa linashuka kilima cha Mukendo, sasa limefika sokoni, mama muuza nyanya ameacha beseni! Wavuvi walianguka kutoka kwenye mabenchi kwa kicheko.

Mama yangu mzazi alikuwa mteja wa kibanda kile. Mtoto wa jicho alikuwa amekwisha kuyafunga macho yake yote mawili, na habari za upasuaji hakutaka kuzisikia. Nilipokuwa likizo nilimpeleka mwenyewe, nimemshika mkono. Mwenye kibanda alitaka kumsamehe kiingilio, kwa kuwa, alisema, bibi haoni. Mama alilipa. Alimwambia yule kijana: kwani wewe unauza picha? Akakaa mbele kabisa, uso ameuelekeza kwa msemaji na si kwenye runinga, na jioni ya siku ya pili alitusimulia filamu yote kwa Kijita kwenye moto, akiwa ameongeza mto na mamba ambao kwa hakika hawakuwamo. Nilimtungia ubeti wa tarbia wakati ule. Sijawahi kuutoa mahali:

Sikioni katazama, macho yalipozimika,
Akaiona milima, na ndege zikianguka,
Dubwana likisimama, miji ikatikisika,
Msemaji alisema, na kiza kikaondoka.

Kutokana na mama yangu nashikilia kwamba kiinimacho cha ukanda wetu hukamilikia kinywani. Tsuburaya alimdanganya mtazamaji kwa uzito. Ilimbidi jicho liamini. Nabwana hakuwa na mali ya kulifanya jicho liamini, wala hakulisihi. Alilipa jicho dokezo, kama vile mtunzi anavyotoa tashibiha, kisha akamwachia msimulizi alijaze. Helikopta ya Wakaliga ni dokezo. Ni sawasawa na msanii wa ngano anayeinua kijiti na kusema huu ni mkuki, na hakuna mtoto anayemwomba athibitishe.

Kuna ushahidi mwingine wa jambo hili, nao una uchungu ndani yake. Nabwana hakuwa na nafasi ya kuhifadhi kazi zake. Ili kutengeneza filamu inayofuata ilimlazimu kuifuta iliyotangulia katika kompyuta, na hitilafu za umeme zikamaliza mengine. Who Killed Captain Alex? kama ilivyotoka mkononi mwake, bila msimulizi, haipo tena. Iliyobaki, ambayo watu wameitazama mamilioni ya mara duniani kote, ni ile ambayo sauti ya VJ Emmie imeshonwa ndani yake. Huwezi kumwondoa msimulizi ukabaki na filamu.

Wasomaji wa mashairi tunaijua hali hii. Beti zinazonasibishwa na Fumo Liyongo, wengi wetu zimetufikia zikiwa ndani ya takhmisa ya Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir: vipande viwili vya zamani, na vitatu vya mfasiri vikivitangulia katika kila ubeti. Tunamsoma Liyongo akiwa amekumbatiwa. Hakuna anayelalamika kwamba Sayyid Abdalla ameingilia. Nami sioni kwa nini VJ Emmie aonwe kama kelele juu ya filamu ya mwingine, kama baadhi ya watazamaji wa kigeni wanavyomwona mwanzoni. Anachofanya ni kukhamisi.

Tofauti ipo, na siifichi: mkhamisi wa Kiswahili hufuata vina vya aliyemtangulia, anabanwa na mizani, ilhali msimulizi wa filamu amefungwa na muda tu. Tena katika toleo linalotembea duniani VJ Emmie anasema Kiingereza. Wakaliga walihitaji kueleweka nje, nami siwalaumu, ila najiuliza Waganda waliokaa kibandani walisikia mizaha gani katika Luganda ambayo sisi hatutaisikia. Mzaha wa Mukendo, ukiutafsiri kwa mtu wa Toronto, ni jina la kilima tu.

Naam, Toronto. Mwaka 2019 filamu yake ya Crazy World ilionyeshwa katika tamasha kubwa la filamu la mji huo, na mwaka 2022 kundi la Wakaliga lilialikwa Kassel, Ujerumani, katika maonyesho ya sanaa ya Documenta. Filamu zake zimepita 40. Mmarekani mmoja, Alan Hofmanis, aliona kionjo cha filamu yake mwaka 2011, akafunga safari hadi Wakaliga, akawa mshirika wake. Hayo yote ni ya kheri. Kinachonikera ni kwamba karibu kila makala ya kigeni niliyosomewa au kusoma huanza na bei: filamu iliyotengenezwa kwa chini ya dola 200. Bei imekuwa ndiyo sifa. Mtu huyu amebuni namna ya kuongoza filamu ambayo macho na masikio hupokezana, amefundisha vijana na watoto wa mtaa wake kuigiza, kupigana na kuhariri, na anayesikia habari zake kwa mara ya kwanza anaambiwa ni maskini anayechekesha. Hakuna anayeanza habari za Shaaban Robert kwa kutaja bei ya karatasi alizoandikia.

Simaanishi kwamba kila alichotengeneza nakipenda. Damu ni nyingi kupita mahitaji ya hadithi, hadithi zenyewe hufanana, na wanawake mara nyingi hungoja kuokolewa. Mwalimu wa fasihi hawezi kustaafu kabisa.

Narudi kwenye neno nililoahidi kulitetea. Wanaotafsiri kwa haraka wameanza kutumia "athari maalumu", nami nikilisikia nafikiria dawa iliyomdhuru mgonjwa. Mazingaombwe yana wenyewe: ni wale mafundi waliokuwa wakizunguka shuleni na sanduku lao, wakitoa noti sikioni mwa mwalimu mkuu. Fundi wa mazingaombwe yupo mbele yako na anakushindanisha na mikono yake. Fundi wa filamu hayupo. Ameacha kitu kati ya jicho lako na kitambaa. Kiinimacho kinafaa. Najua kuna watakaosema neno hilo linanuka uchawi. Linanuka kidogo, na sioni ubaya, maana Tsuburaya na Nabwana wote wawili wangefurahi kusikia hivyo.

Baada ya hapo mengine hujitokeza. Nimeanza daftari. Mji mdogo wa kubomolewa nimeuita mji wa vijumba, na sarufi imenisaidia bila jasho. Damu bandia haina mgogoro. Ule upunguzaji wa kasi uliokuza vifusi vya Tsuburaya, ambao vijana huuita slomo, nimeuandika mwendo mzito, kwa sababu lengo lake ni uzito, ucheleweshaji ni njia tu. Mtu aliye ndani ya vazi, kama Nakajima, nimemwita mbeba dubwana. Msimulizi abaki msemaji, kama tulivyomwita Rukuba, ingawa kibanda kile sasa ni stoo ya dagaa na watoto wa mwaloni hutazama filamu kila mmoja na simu yake, spika za masikioni zimezibwa, hakuna anayecheka na mwenzake.

Kilichonishinda hadi leo ni kile kitambaa cha kijani ambacho Nabwana hukitundika ukutani, mwigizaji akasimama mbele yake, kisha kompyuta ikaifuta rangi ile ya kijani na kuweka mahali pake moto, anga au Kampala inayoteketea. Mpiga picha za harusi mmoja pale Musoma anacho, hukiita "grini", na hana haja ya jina jingine. Mimi nilipendekeza kitambaa cha pengo, kwa kuwa kazi yake ni kuacha pengo litakalojazwa baadaye. Nilimsomea mjukuu wangu wa darasa la nne. Alicheka, akanionyesha mahali lilipong'oka jino lake la mbele, akauliza kama na hapo kompyuta inaweza kuweka helikopta.